Mfereji uliomeza mto

(Maneno yaliyosemwa mbele ya mkutano wa wanamemba hapa Sange, siku ya kuzungumzia kazi ya mfereji wa mpunga. Tunayachapa kwa ajili ya wale ambao hawakufika, na kwa marafiki wanaotusaidia kutoka mbali.)



Komite imeniomba niseme kidogo kuhusu mfereji kabla ya kura. Muniruhusu nisianze na wetu. Nitaanza na mfereji mwingine, mfupi kama huu wetu, uliochimbwa mbali na hapa, kwenye pwani ya Kenya, zaidi ya miaka 150 iliyopita. Nilikutana na habari zake wakati wa masomo na sijapata kuzisahau. Wale waliouchimba walikuwa watu wa haraka, na haraka yao ilikuwa na sababu nzuri, sawa na haraka yetu sisi. Kisha tutarudi huku kwetu, na kila mtu atapima mwenyewe.

Kenya iko na mto mkubwa unaoitwa Tana. Unatoka kwenye milima ya Aberdare na Mlima Kenya, unazunguka nchi kavu, unaingia Bahari ya Hindi. Urefu wake ni kama kilomita 1000. Ruzizi yetu, toka Ziwa Kivu mpaka Ziwa Tanganyika, haifiki kilomita 120. Kwa hiyo ungeunganisha Ruzizi nane, moja nyuma ya nyingine, ndipo ungekaribia kupata Tana moja. Na mto ule unabeba tope. Ukifika karibu na bahari nchi inakuwa tambarare kabisa, maji yanapoteza nguvu, tope linashuka chini.

Pembeni ya Tana, kwenye tambarare hiyo hiyo, kuna mto mdogo unaoitwa Ozi. Ozi ni mfupi, tena bahari inapojaa huusukuma kurudi nyuma. Lakini ulikuwa na kitu kimoja ambacho Tana haikuwa nacho: mlango mzuri. Pale Ozi unapokutana na bahari, mahali panapoitwa Kipini, majahazi yaliweza kuingia. Mlango wa Tana ulikuwa mbali zaidi upande wa kusini, na ulikuwa mbaya: mafungu ya mchanga, mawimbi, manahodha waliuogopa. Basi mtu akishuka na mtumbwi wake juu ya Tana, amebeba mpunga au pembe, alilazimika kushusha mizigo, kuipeleka Ozi kwa kichwa, na kuipakia upya kwenye mtumbwi mwingine. Mama zetu hapa hawana haja ya kuelezwa kazi hiyo ni nini.

Sasa watu wenyewe. Katika miaka ya 1860 alikuwako bwana mmoja jina lake Ahmed, wengi wakimwita Simba, wa ukoo wa Nabahani uliotawala kisiwa cha Pate. Alishindwa na nguvu ya masultani wa Zanzibar, akakimbilia bara, akaishia mahali panapoitwa Witu. Hapo wakamfuata watu wa kila namna waliokuwa wanakimbia kitu: wenye madeni, walioshindwa vita, na zaidi sana watumwa waliotoroka mashamba ya mabwana wao. Pwani waliitwa watoro. Zanzibar iliwaona kama wanyang'anyi. Wao walijiona kama watu waliookoa roho zao. Sisi tuliovuka Ruzizi usiku, au Ziwa Tanganyika ndani ya mitumbwi, tunajua jina unalopewa na jirani halifanani na jina unalojiita wewe.

Watu hao walipaswa kula. Walilima, wakahitaji njia ya kufikisha mali yao baharini. Ndipo kwa amri ya sultani wa Witu ukachimbwa mfereji wa kuunganisha Tana na Ozi, mahali panapoitwa Belezoni. Haukuwa mrefu, ni kilomita chache tu. Haukuwa mpana pia: mtumbwi upite, basi. Ulichimbwa kwa majembe na mikono.

Na ulifanya kazi. Napenda mulisikie hilo vizuri, juu ya kwamba si hadithi ya watu wajinga. Mtumbwi ulitoka Tana ukaingia Ozi bila mtu kubeba kitu kichwani. Kwa miaka mingi mtu angesema ule ni mfereji mzuri kuliko yote ya pwani.

Hata wakubwa waliuona ni mzuri, na hapo wakaanza kuugombania. Hii sehemu naipita haraka. Mwaka 1885 Wajerumani waliuweka utawala wa Witu chini ya ulinzi wao. Waingereza walikuwa na kampuni yao pwani. Kufika mwaka 1889 pande mbili zilikuwa zinavutana juu ya nani ana haki ya kutoza ushuru pale Belezoni. (Wenye kubeba magunia kwenye barabara ya taifa namba 5 wanaona kwamba bariyeri si jambo lililoanzia kwetu.) Mwaka 1890 Wajerumani wakawaachia Waingereza Witu kwa mkataba uliotiwa sahihi huko Ulaya, na mwezi wa Oktoba mwaka huo huo meli za vita za Uingereza zikaleta askari, Witu ikachomwa moto.

Wakati wakubwa wanabishana nani achukue ushuru, hakuna aliyekuwa anaangalia maji. Na maji yalikuwa yanafanya kazi yake.

Mto wenye tope ukitembea kwenye tambarare hujipandisha wenyewe. Kila mwaka unalaza tope chini yake na pembeni yake, mpaka kitanda chake kinakuwa juu kuliko nchi iliyo kando. Mukitazama mto wetu pale chini, karibu na Ruzizi, mutaona jambo hilo kwa macho. Sasa ukimpa mto kama huo tundu la kutokea pembeni, kuelekea mahali palipo chini zaidi na kwa njia fupi zaidi, maji yatapita hapo kwa mbio kuliko yanavyopita njia ya zamani. Maji ya mbio yanakula udongo. Tundu linapanuka. Likipanuka, maji mengi zaidi yanapita, yanakula zaidi. Na kule njia ya zamani, maji yamepungua, yanatembea polepole, yanalaza tope zaidi, njia inazibika. Pande zote mbili zinasaidiana kwenda kwenye jambo moja.

Mfereji wa Belezoni haukuwa na mlango wa kufunga. Ulikuwa tundu. Kila masika ilikula kingo zake kidogo. Mtumbwi mmoja, kisha mitumbwi kadhaa ikaweza kupishana, kisha ikawa si mfereji tena. Kufika mwisho wa karne ya 19, mto Tana wenyewe, ule wa kilomita 1000, ulikuwa umehamia ndani ya mfereji wa mitumbwi. Leo ukifungua ramani ya Kenya, Tana inaingia baharini pale Kipini. Inapita kwenye kitanda cha Ozi. Mto mzima umefuata kazi ya majembe.

Na ule mkono wa zamani? Ukabaki kupata maji ya maana wakati wa mafuriko. Kule chini kabisa, maji baridi yalipopungua, chumvi ya bahari ikapanda, na mikoko ikaota. Anayelima kando ya mto hawezi kulimia chumvi. Mashamba ya upande ule hayakuibiwa na mtu yeyote. Hakuna shefu aliyeyauza. Maji yaliondoka tu.

Lakini nisidanganye: upande wa Ozi watu walipata. Wakulima wa Kipokomo walijifunza kutumia bahari yenyewe. Bahari ikijaa, inayasukuma maji baridi ya mto yapande, nao wanayaacha yaingie kwenye mpunga. Ikipungua, wanayaacha yatoke. Ni akili kubwa, na haingewezekana kama Tana isingehamia kwao. Kwa hiyo siwezi kusema mfereji ule ulikuwa laana kwa kila mtu. Maji hayakupotea, yalihama. Yalitoka kwa watu fulani yakaenda kwa watu wengine, na wale walionyang'anywa hawakuulizwa.

Sasa turudi Sange.

Mto wetu si Tana. Ni mdogo. Lakini Tana, ikifika Belezoni, imelala, wetu unaanguka. Unatoka kwenye milima ya Itombwe, na kwa mwendo mfupi uko kwenye tambarare, umebeba mawe pamoja na tope. Kilichotokea Uvira Aprili 2020 wote munakijua. Mto Mulongwe, ambao wakati wa kiangazi mtoto anauvuka bila kushika nguo, ulitoka ndani ya njia yake usiku mmoja, ukachukua nyumba kwa maelfu, na watu kwa makumi. Hiyo ndiyo jamaa ya mto wetu. Ni watoto wa mlima mmoja.

Na mfereji wetu? Historia yake unaweza kuisoma kwa miaka ambayo hatukuwa hapa. Mwaka 1964 vita ya Mulele ilipoingia tambarare, watu walivuka kwenda Burundi. Mwaka 1996 tena, na wengi wakaishia Tanzania, kambi ya Nyarugusu ilifunguliwa mwaka huo. Mwaka 1998 tena. Mwaka 2004 tena. Kila safari tuliyokimbia, salongo ya kusafisha mfereji ilikosekana msimu mmoja, au mitano. Mfereji haufi kwa kishindo kama daraja. Unaota majani, tope linapanda, kwato za ngombe zinabomoa ukingo, kisha siku moja mtu anapanda muhogo ndani yake, na huyo mtu wala hana kosa, juu ya kwamba tangu azaliwe hajaona maji pale.

Waliobaki, na waliotangulia kurudi, walisafisha pale nguvu yao ilipofika. Walianzia kwenye mdomo, wakashuka mpaka walipochoka. Ndiyo maana juu kuna maji na mkiani ni pakavu. Na mkiani ndiko yaliko mashamba ya wengi wetu tuliorudi nyuma. Nimesikia kwenye vikao watu wakisema wale wa juu wametufungia makusudi. Nimetembea na fimbo yangu nikapima: kinachofunga ni tope. Ila tumbo la mtoto halitofautishi tope na njama, naelewa hilo. Kuna familia kati yetu ambazo tangu zirudi zinanunua muhogo zikiwa na shamba la mpunga mbele ya mlango.

Ndipo likaja shauri la kukata njia mpya. Kwa wale ambao hawakuwa kwenye kikao: vijana wanataka tukate mtaro toka kwenye kona ya mto, juu ya mdomo wa zamani, uende moja kwa moja mpaka mkiani. Ni mita mia chache tu. Vijana wako tayari, kazi italipwa kwa siku, na masika haijafika. Tungeumaliza haraka, maji yangefika mashambani msimu huu huu. Waliotoa shauri hili si watu wabaya, na katika jambo la maji ya mkiani wana haki yote.

Mimi nasema tusiukate. Si kwa namna hiyo.

Njia mpya ingekuwa fupi kuliko ya zamani, na ingefika mahali pale pale chini. Maana yake itakuwa kali zaidi, maji yatakimbia. Ule mfereji wa zamani unazunguka zunguka, na vijana wanaucheka kwamba wazee hawakujua kunyoosha. Wazee walijua. Mzunguko ndio breki. Kisha kwenye shauri lililoandikwa hakuna mlango, hakuna kizuizi cha mawe, kuna majembe na posho ya siku tu. Ni tundu, kama Belezoni. Wakati wa kiangazi mtaro huo ungekunywa mto wote, na mdomo wa zamani, ulio chini ya kona, ungebaki mkavu. Wale wa juu wangeamka asubuhi wamekuwa wa mkiani. Wakati wa masika mto ungekuwa na njia iliyonyooka mpaka ndani ya mpunga wetu, na baada ya mpunga kuna nyumba, na baada ya nyumba kuna barabara.

Halafu kuna ngombe. Kiangazi wafugaji wanashuka toka milimani na mifugo kutafuta majani na maji, na njia yao inakata pale pale. Mtaro mpya ungekuwa shimo katikati ya njia ya ngombe. Wangeubomoa siku ya kwanza, na siku ya pili tungekuwa tunabeba fimbo. Kule kwenye delta ya Tana, mwaka 2012, zaidi ya watu 100 walikufa katika mapigano kati ya wakulima wa Kipokomo na wafugaji wa Kiorma, mambo ya mashamba, malisho na njia ya kwenda mtoni. Na sisi tuna Mutarule ya Juni 2014, siko na haja ya kuifungua hapa. Nchi hii imezika watu kwa mambo madogo kuliko mtaro.

Ninachoomba mukipigie kura ni hiki. Pesa iliyoko iende kwanza kwenye mdomo wa zamani: mlango wa kufunga na kufungua, wenye simenti pembeni, na gabioni, yaani wavu wa chuma uliojaa mawe, kushika ukingo wa mto pale. Kisha mfereji wote usafishwe, ukianzia mkiani kupanda juu, na wa juu washiriki kama wengine. Mtu ambaye hakutoka kwenye salongo wala hakutuma mtu wake, zamu yake ya maji inaruka mpaka alipe. Wachaga wa Kilimanjaro, huko Tanzania, wameendesha mifereji yao kwa kanuni za namna hiyo tangu zamani za mababu, na wana kitu kingine cha kuiga: maji ya usiku hawayaachi yapotee, wanayakusanya kwenye kidimbwi, asubuhi yanaenda shambani. Na kiangazi, zamu ya kwanza iwe ya mkiani. Hii niliwaambia wa juu uso kwa uso, walikunja sura, lakini walikaa wakasikiliza.

Zamu hizo ziandikwe kwenye daftari, jina kwa jina na shamba kwa shamba, baba shefu atie sahihi. Munaweza kuuliza daftari la maji lina maana gani. Sheria ya ardhi ya mwaka 1973 ilisema udongo ni wa serikali, na haki za mashamba ya mila zikaachwa zingoje amri ya Rais ya kuzipanga. Zilingoja miaka mingi. Sisi tuliorudi hatuna karatasi. Daftari la zamu si hati ya shamba, nisimdanganye mtu. Lakini siku ya ugomvi, mbele ya wazee au mbele ya hakimu, kuwa na jina lako kwenye orodha ya waliosafisha mfereji na kupewa maji kwa shamba fulani, msimu baada ya msimu, pamoja na sahihi ya majirani wako wa pande zote, ni shahidi ambaye hakimbii vita.

Gharama ya ninachosema naijua. Mlango hautamalizika kabla ya masika. Wa mkiani watangoja msimu mmoja zaidi, na hakuna njia nzuri ya kusema hilo kwa mtu mwenye njaa. Ndiyo maana nimeomba komite sehemu ya chakula cha kazi iende kwanza kwa familia za mkiani, hata kama kwa hesabu za kawaida wangegawana wote sawa.

Kwa marafiki wetu wanaotoa pesa niko na neno moja. Katika ripoti munatuuliza mita ngapi zimechimbwa. Mita ni rahisi kuhesabu na nzuri kwa picha. Msimu huu tutawaletea mita chache, pengine hakuna hata moja mpya. Tutawaletea picha ya mlango wa chuma usiopendeza, na nakala ya daftari. Tunaomba mulipokee.

Jumamosi saa moja asubuhi tutakutana kwenye mdomo wa zamani, tutembee wote mpaka mkiani: wa juu, wa chini, na wajumbe wawili wa wafugaji ambao baba shefu amekwisha kuwaita. Tutapita pia kwenye ile kona, vijana watuonyeshe walipopanga kukata. Tutakuwa na kamba ya kupimia na daftari. Majembe siku hiyo yabaki nyumbani. Kura itapigwa Jumatatu.

Mwenye swali, niko hapa.